Bahari ya Umma, Mgao wa Wachache: Katiba Inavyopima Ugawaji wa Haki za Kuvua

Kifungu cha kwanza cha sheria ya usimamizi wa uvuvi ya Iceland, Sheria Na. 38 ya mwaka 1990 (iliyotolewa upya kama Sheria Na. 116 ya mwaka 2006), kinatamka kwamba samaki wa maji ya nchi hiyo ni mali ya pamoja ya taifa. Kinaongeza kwamba mtu kupewa mgao wa kuvua hakumfanyi kuwa mmiliki wa samaki hao, wala hakumpi mamlaka yasiyoweza kuondolewa. Ukiishia hapo na kufunga kitabu, utaondoka umeridhika kabisa. Ukiendelea kusoma, utakuta sheria hiyohiyo inaruhusu mgao huo kuuzwa na kukodishwa, bila tarehe ya mwisho. Waliopewa bure wakawa na kitu cha kuuza. Waliokosa wakawa wateja wao.

Kwa zaidi ya miaka thelathini raia wa Iceland wamebishana kuhusu jambo hilo mahakamani, bungeni, mbele ya Umoja wa Mataifa na hata kwenye sanduku la kura. Nimeichagua nchi hiyo ndogo ya baridi kwa sababu ubishi wake umeandikwa vizuri kuliko mwingine wowote ninaoujua, na kwa sababu swali lake ndilo linalotusubiri sisi wa Bahari ya Hindi kila leseni ya bahari kuu inapotolewa. Kutamka kwamba samaki ni wa wananchi ni rahisi, na katiba na sheria nyingi zinatamka hivyo kwa namna yake. Kazi iko mbele ya tamko hilo. Mali ya wote ikishagawiwa kwa wachache, nani aingie, kwa utaratibu gani, kwa muda gani, kwa malipo gani, na nani aione orodha?

Kwanza tukubaliane kwamba kugawa kwenyewe si dhuluma. Samaki hawana uzio. Kila mwenye chombo akiruhusiwa kuvua apendavyo, anayejizuia leo anamwachia mwenzake kesho, na mwisho wake wote wanarudi na nyavu tupu. Serikali inayokataa kuweka mipaka haimtetei mvuvi mdogo. Inamwacha ashindane na meli yenye majokofu na rada. Kwa hiyo mahakama nyingi zilizoulizwa swali hili hazikupata shida kukubali kwamba dola inaweza kumzuia mtu kuvua. Shida imekuwa ni nani azuiwe, na kwa kigezo gani.

Iceland ilifika hapo kwa njia ndefu. Ilisogeza mpaka wake wa uvuvi hadi maili 12 mwaka 1958, maili 50 mwaka 1972, kisha maili 200 mwaka 1975, na kila mara ikagombana na Uingereza hadi manowari zikaletwa kulinda meli za Waingereza. Wageni walipoondoka hatimaye, ikabainika kwamba wenyeji wenyewe wana meli za kutosha kuwamaliza samaki aina ya cod, ambao uchumi wa nchi ulikuwa umewaegemea. Wanasayansi wakaonya. Kuanzia mwaka 1984 serikali ikawa inatangaza kiwango cha jumla cha cod kinachoruhusiwa kuvuliwa kwa mwaka, halafu inakigawa kwa vyombo. Kigezo kilikuwa kimoja: ulivua kiasi gani katika miaka mitatu iliyotangulia?

Hesabu yake ni nyepesi. Tuseme chombo kina hisa ya nusu asilimia. Mwaka ambao jumla iliyoruhusiwa ni tani 200,000, chombo hicho kinavua tani 1,000. Mwaka unaofuata wanasayansi wakishusha jumla hadi tani 160,000, kinavua tani 800. Hisa inabaki ileile, kinachopanda na kushuka ni jumla. Kwa upande wa kuwalinda samaki, utaratibu huu una akili nyingi, na Iceland imesifiwa kwa haki katika eneo hilo. Mvuvi hana tena sababu ya kukimbilia baharini wakati wa dhoruba ili awawahi wenzake. Fungu lake linamsubiri.

Mwaka 1984 jambo hili lilionekana kuwa la dharura na la muda mfupi. Likaongezewa muda, likaongezewa tena, hadi sheria ya 1990 ilipoondoa ukomo na kuifanya migao iweze kuhamishwa kwa uhuru kutoka chombo hadi chombo. Hapo ndipo tabia ya kitu chenyewe ilipobadilika. Fikiria manispaa inakarabati soko na kusema kwamba, kwa kuwa vizimba havitoshi, watapewa wale waliokuwa wakiuza hapo miaka mitatu iliyopita. Hakuna atakayelalamika sana. Lakini miaka saba baadaye manispaa hiyohiyo inatangaza kwamba vizimba hivyo ni vya hao hao bila kikomo, kwamba wanaweza kuvipangisha au kuviuza kwa bei wanayotaka, na kwamba kijana mpya anayetaka kuuza nyanya akaongee nao. Soko bado linaitwa la manispaa.

Madhara yake yalionekana kwanza kwenye miji midogo ya pwani, hasa eneo la fiyodi za magharibi, yaani ghuba ndefu na nyembamba. Mji wa Ísafjörður ulikuwa na meli ya njano iitwayo Guðbjörg, wenyeji wakiiita Guggan, fahari ya mji mzima. Mwaka 1997 kampuni iliyoimiliki iliungana na kampuni kubwa ya kaskazini, na watu wakaahidiwa kwamba Guggan itabaki ya njano na itaendelea kutokea Ísafjörður. Haikuchukua muda meli ikaondoka, na mgao ukaondoka nayo. Mabaharia, wafanyakazi wa viwanda vya kuchakata samaki na duka lililouza buti na kamba hawakuwa na hisa hata moja katika mgao huo, ingawa jasho lao ndilo lililoujenga katika ile miaka mitatu ya kuhesabia. Hili huwa linapita bila kusemwa: historia ya uvuvi hujengwa na watu wengi, kisha huandikwa kwa jina la mwenye chombo.

Mahakama inaulizwa

Katiba ya Iceland ina ibara mbili zinazohusika. Ibara ya 65 inasema watu wote ni sawa mbele ya sheria. Ibara ya 75 inalinda uhuru wa mtu kufanya kazi anayoichagua, isipokuwa maslahi ya umma yakidai uwekewe mipaka. Mwananchi mmoja, Valdimar Jóhannesson, aliomba kibali cha kuvua na mgao, akakataliwa kwa sababu hakuwa na chombo kilichokuwa kwenye mfumo tangu mwanzo. Akaenda mahakamani.

Tarehe 3 Desemba 1998 Mahakama ya Juu ilimpa ushindi uliotikisa nchi. Ilisema kuzuia kwa dharura kunaweza kukubalika, lakini haikuona sababu ya kikatiba ya kuwafungia mlango milele watu wote ambao hawakuwa na vyombo katika kipindi fulani cha nyuma, huku wengine wakifaidi kwa sababu tu walikuwepo. Bunge likajibu haraka. Mwanzoni mwa 1999 lilirekebisha sheria ili mwenye chombo kinachofaa kwenda baharini apate kibali cha jumla cha kuvua. Lakini kibali bila mgao ni karatasi. Mgao bado ulibaki kwa walewale, na mgeni alitakiwa kuununua au kuukodi kwao.

Mtu anayependa sheria ataona ujanja hapo, na nadhani ataona sawasawa. Mahakama iligusa mlango wa nje, Bunge likaufungua huo, wa ndani likauacha na kufuli lake.

Wamiliki wa boti iitwayo Vatneyri wakaamua kulijaribu hilo kufuli. Walivua bila mgao, kwa makusudi, wakashtakiwa. Mahakama ya wilaya ya fiyodi za magharibi iliwaachia mwanzoni mwa 2000. Mwezi Aprili mwaka huohuo Mahakama ya Juu ikatengua uamuzi huo na kuwatia hatiani. Hoja yake inastahili kusikilizwa kwa makini: kwa kuwa kifungu cha kwanza kinasema mgao hauleti umiliki, Bunge linaweza wakati wowote kubadili masharti, kudai malipo, au kuugawa upya. Kwa hiyo, kwa macho ya majaji, hakuna aliyefungiwa milele.

Kimaandishi hoja hiyo imesimama. Matatizo yake yako benki. Sheria za Iceland haziruhusu mgao kuwekwa rehani peke yake, lakini meli yenye mgao huwekwa rehani, na mgao hauwezi kutenganishwa na meli hiyo bila mkopeshaji kukubali. Mgao ukishakuwa ndio thamani kubwa ya meli, na meli ndiyo dhamana ya deni, mbunge anayependekeza kuugawa upya anakutana na wamiliki, mabenki, na watu walionunua mgao kwa bei halali ya soko wakiamini utadumu. Hao wa mwisho wana malalamiko ya haki. Hawakupewa bure, walilipa, ila fedha zao zilienda kwa aliyepewa bure kabla yao. Kila mwaka unaopita bila kugawa upya unaongeza idadi ya watu wasio na kosa watakaoumia siku ya kugawa upya. Ndiyo maana uwezo wa Bunge unaotajwa na mahakama huwa mkubwa kwenye karatasi na mdogo ukumbini.

Wavuvi wawili, Erlingur Sveinn Haraldsson na Örn Snævar Sveinsson, walifuata njia ya Vatneyri mwaka 2001: wakavua bila mgao, wakajiripoti, wakashtakiwa, wakashindwa hadi Mahakama ya Juu. Wakapeleka malalamiko kwa Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa, wakidai ibara ya 26 ya Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, ile inayokataza ubaguzi, imevunjwa. Oktoba 2007 Kamati ikakubaliana nao, ingawa wajumbe kadhaa walipinga.

Maoni ya Kamati ndiyo kiini cha mada yote. Haikusema kigezo cha historia ya uvuvi ni kibaya. Ilisema huenda kilifaa kama hatua ya muda. Kosa ni kwamba hatua hiyo ya muda ilifanywa ya kudumu, ikageuza haki ya kutumia mali ya umma kuwa kitu kinachofanana na mali binafsi. Mtu aliyeacha kuvua hakutakiwa kurudisha mgao kwa dola ili ugawiwe upya kwa vigezo vya haki na usawa. Alikuwa huru kuuuza au kuukodisha kwa bei ya soko. Nchi iliyotamka kwamba samaki ni wa taifa ikawalazimisha raia wake kununua ruhusa ya kuwavua kutoka kwa raia wengine. Kamati ikaitaka Iceland iwafidie wavuvi hao na iupitie upya mfumo wake.

Maoni ya Kamati hayana nguvu ya hukumu. Iceland haikuuvunja mfumo. Mwaka 2009 ilianzisha uvuvi wa pwani wa majira ya joto, ambapo maboti madogo yanavua kwa ndoana bila kuhitaji kununua mgao, kwa siku na kiasi kilichowekewa mipaka. Ni dirisha dogo, lakini linatumika hadi leo.

Anguko la mabenki la 2008 nalo lilileta hasira ya wananchi, na hasira hiyo ikazaa jaribio la kuandika katiba mpya. Baraza la watu 25 lilikabidhi rasimu yake Julai 2011. Ibara ya 34 ya rasimu hiyo ilitamka kwamba maliasili zisizo za mtu binafsi ni mali ya pamoja na ya daima ya taifa. Kwamba vibali vya kuzitumia vinaweza kutolewa kwa malipo kamili na kwa muda wa kiasi. Kwamba vitatolewa kwa misingi ya usawa. Na kwamba kamwe havitazaa umiliki. Kwenye kura ya maoni ya Oktoba 2012 asilimia 83 ya waliojibu swali la maliasili walisema wanataka zitamkwe kuwa mali ya taifa. Bunge halikuipitisha rasimu, na katiba haikubadilika.

Ubishi ukahamia kwenye bei. Tozo ya uvuvi ilikuwa imeanza kutozwa mwaka 2004, na tangu hapo imepandishwa na kushushwa kwa kadiri serikali zilivyobadilishana. Katikati ya 2025 Bunge lilipitisha ongezeko kubwa baada ya mjadala uliovunja rekodi ya urefu, hadi Spika akalazimika kutumia kanuni ya kufunga mjadala ambayo haikuwa imeguswa kwa miongo kadhaa.

Tarehe ya mwisho

Watu wengi wakizungumzia haki katika ugawaji huanza na bei: mnada au bure, tozo kubwa au ndogo. Mimi nadhani muda ni mzito kuliko bei. Tozo iliyowekwa chini inaweza kupandishwa mwakani. Haki isiyo na tarehe ya mwisho inauzwa, inakopewa, inarithiwa, na baada ya kizazi kimoja hakuna anayekumbuka kwamba ilikuwa ya kuazima.

Afrika Kusini ililiona hilo mapema. Sheria yake ya Maliasili Hai za Bahari ya mwaka 1998 inasema haki ya kuvua haiwezi kuzidi miaka 15, na muda ukiisha inakoma yenyewe na kurudi kwa dola ili igawiwe upya. Hakuna haja ya mbunge jasiri. Kalenda inafanya kazi hiyo. Tena sheria hiyo inaitaka serikali ikumbuke kwamba sekta ya uvuvi ilirithiwa kutoka ubaguzi wa rangi, ambapo kampuni za wazungu zilishika karibu kila kitu, na hivyo usawa lazima uwe sehemu ya kigezo. Hapo kutazama historia ya uvuvi peke yake kungekuwa ni kuuhalalisha ubaguzi kwa takwimu zake wenyewe.

Lakini kalenda nayo huleta kesi. Kila awamu ya ugawaji huko imezaa mashauri. Maarufu zaidi ni la kampuni ya Bato Star, iliyoomba mgao mkubwa wa samaki wa kilindini aina ya hake na kupewa sehemu ndogo, ikalalamika kwamba serikali haikutilia maanani vya kutosha suala la kuwainua waliobaguliwa. Mahakama ya Katiba ilitoa hukumu Machi 2004. Kampuni ilishindwa, lakini kipimo kilichowekwa kinafundishwa hadi leo. Wizara lazima ifikie uamuzi ambao mtu mwenye busara angeweza kuufikia, ikionyesha imepima malengo yote ya sheria: kuwahifadhi samaki, kulinda ajira na mitaji iliyopo, na kurekebisha dhuluma ya zamani. Malengo hayo yanavutana, na sheria haikusema lipi lipewe asilimia ngapi. Mahakama haitashika kalamu na kugawa tani upya. Itauliza kama aliyezigawa alifikiri, na kama anaweza kueleza alivyofikiri.

Utaratibu huo ulikuwa mzuri kwa wenye kampuni, wahasibu na washauri wa kujaza fomu. Wavuvi wa maboti madogo walianguka katikati. Hawakuwa wakubwa kiasi cha kuhesabika kuwa wa kibiashara, wala maskini kiasi cha kuhesabika kuwa wanavua kwa ajili ya chungu cha nyumbani tu. Walienda kwenye Mahakama ya Usawa, na mwaka 2007 ikatolewa amri ya kuwapatia nafuu ya muda, ikiwemo ruhusa ya kuvua kambakoche, wakati sera mpya ikiandikwa. Sera ikatoka 2012, sheria ikarekebishwa 2014 ili jamii za wavuvi wadogo zipewe haki kwa pamoja kupitia vyama vya ushirika. Utekelezaji umekwenda kwa kusuasua, na katika Jimbo la Rasi ya Magharibi zoezi la kuwaorodhesha wanaostahili lilibatilishwa mahakamani likaanzwa upya. Fomu inayoonekana ya haki mezani inaweza kumwacha nje mtu ambaye ushahidi wake wote ni mikono yake.

Ipo kesi nyingine ya huko ambayo ningeomba kila ofisa wa uvuvi aijue. Septemba 2010 wanaume watatu wa jamii ya Dwesa-Cwebe, pwani ya Rasi ya Mashariki, walikamatwa ndani ya hifadhi ya bahari wakiwa na vifaa vya kuvulia. Mashtaka yalikuwa kujaribu kuvua. Utetezi wao ulikuwa kwamba wazee wao walivua hapo tangu kale, kwa taratibu za mila zilizosema nani avue, wapi na lini. Walishindwa ngazi mbili. Juni 2018 Mahakama Kuu ya Rufaa ikawaachia, ikisema sheria ya 1998 haikufuta haki za kimila, kwa sababu Katiba inazitambua na sheria haiwezi kuzifuta kwa kukaa kimya. Serikali inapogawa haki za kuvua, basi, haiandiki kwenye ukurasa mtupu. Baadhi ya haki zipo tayari, hata kama haziko kwenye sajili.

Uwazi ni habari nyingine kabisa, na Namibia ndiyo iliyolipia ukosefu wake kwa gharama kubwa. Katiba yake, ibara ya 100, inasema maliasili ni za dola kama hazimilikiwi kihalali na mwingine. Sheria ikampa waziri mkono mpana wa kugawa, na marekebisho ya 2015 yakamwezesha kutoa migao kwa taasisi za serikali kwa ajili ya malengo ya serikali. Novemba 2019 nyaraka zilizovuja zilidai kwamba kampuni ya Samherji ya Iceland ililipa mamilioni ili ipate migao hiyo. Mawaziri wawili, Bernhard Esau wa uvuvi na Sacky Shanghala wa sheria, walijiuzulu, wakakamatwa pamoja na wengine. Wamekana mashtaka, na kampuni nayo imekana kutoa hongo. Lolote litakaloamuliwa mahakamani, muundo wenyewe ulikuwa wazi kwa macho: kigezo kipana, mtu mmoja anayeamua, na orodha isiyowekwa hadharani kwa wakati. Mwaka uliofuata serikali ilijaribu mnada. Bei zilizotajwa zilikuwa za kupendeza, fedha zilizolipwa zikawa sehemu ndogo tu ya bei hizo. Mnada usio na dhamana ya malipo ni makelele ya sokoni.

Kwetu

Katiba ya Kenya ya 2010 inashangaza kidogo mtu akiisoma akiwa na swali hili. Ibara ya 62 inaiweka bahari ya mipaka ya nchi, ukanda wa kiuchumi na sakafu ya bahari ndani ya ardhi ya umma, inayoshikiliwa na serikali ya kitaifa kwa amana ya wananchi. Ibara ya 69 inaitaka dola ihakikishe maliasili zinatumiwa kwa njia endelevu na faida zake zinagawanywa kwa usawa. Ibara ya 71 inataka Bunge liidhinishe miamala inayompa mtu haki ya kuvuna maliasili, ila sheria ya 2016 ndiyo inayotaja ni aina zipi, kwa hiyo si kila leseni ya meli inapelekwa bungeni.

Kisha kuna ibara ya 227. Taasisi ya umma ikinunua bidhaa au huduma, hata iwe penseli za ofisini, lazima itumie utaratibu wa haki, usawa, uwazi, ushindani na wenye kujali gharama. Maneno hayo matano yameandikwa kwa ajili ya serikali inaponunua. Serikali inapotoa haki ya kuvuna jodari wa umma, hayarudiwi. Mwananchi anabaki na ibara ya 10 kuhusu uwazi na ushirikishwaji, na ibara ya 47 inayompa kila mtu haki ya uamuzi wa kiutawala ulio wa kisheria, wenye busara na uliofuata utaratibu, pamoja na sababu kwa maandishi pale haki yake inapoguswa. Zinatosha, kama zikitumiwa. Lakini ni ajabu kidogo kwamba katiba inalinda pesa zinazotoka hazina kwa maneno makali kuliko samaki wanaotoka baharini.

Lamu ilionyesha zinavyoweza kutumiwa. Bandari mpya ya LAPSSET, mradi wa njia za uchukuzi za kuiunganisha Lamu na Sudan Kusini na Ethiopia, ilipoanza kuchimbwa, mikoko ikakatwa na mikondo ambayo wavuvi wa jahazi na mitumbwi waliitegemea ikachafuka. Hakuna aliyewanyang'anya leseni. Walinyang'anywa mahali pa kuvulia. Mwaka 2018 Mahakama Kuu, kwa benchi la majaji watano, iliamua kwamba haki zao za kupata habari, za utamaduni na za mazingira safi zilivunjwa, na ikaamuru wavuvi wapatao 4,600 walipwe fidia ya takriban shilingi bilioni 1.76. Malipo yenyewe yalizua mivutano ya miaka, lakini uvuvi wa jadi ulikuwa umehesabiwa mahakamani kuwa kitu chenye thamani inayolipwa.

Tanzania imeliweka jambo hili upande wa wajibu. Ibara ya 27 ya Katiba ya 1977 inamtaka kila mtu alinde maliasili ya Jamhuri na mali inayomilikiwa kwa pamoja na wananchi. Leseni za bahari kuu hutolewa na mamlaka moja ya pande zote mbili za Muungano, yenye makao yake Fumba, Unguja, na sheria yake iliandikwa upya mwaka 2020. Mamlaka ya pamoja ni jambo jema: meli haiwezi kukataliwa Dar es Salaam ikakubaliwa Zanzibar. Hata hivyo ibara inayompa mwananchi wajibu haimpi peke yake swali la kumuuliza ofisa.

Swali hilo linapatikana kwingine. Kenya na Tanzania zote zilipitisha sheria za haki ya kupata taarifa mwaka 2016. Kenya inampa ofisa siku 21 kujibu, Tanzania siku 30. BMU (kikundi cha wavuvi cha kusimamia ufukwe) ya Kipini, Shimoni, Kilwa au Mafia inaweza kuandika barua na kuuliza: ni meli zipi zilizopewa leseni msimu huu, kwa bendera gani, kwa samaki gani na zana gani, kwa muda gani, zimelipa kiasi gani, na ni waombaji gani waliokataliwa na kwa sababu ipi. Leseni ya mtumbwi wao wenyewe ikikataliwa au eneo lao likifungwa, waombe sababu kwa maandishi, na waitunze bahasha yenye tarehe. Kule Kenya, ofisi ikikaa kimya, lalamiko linapelekwa kwa Tume ya Haki za Kiutawala, ile watu wanayoiita Ombudsman, na hakuna ada ya kulifungua.